Wembe Mbele ya Kamera

Tarehe 3, mwezi wa pili

Mwanangu,

Marahaba, hata kama shikamoo yako bado iko njiani. Mama yako hajambo ila goti la kushoto, na goti hilo unalijua, lina maneno kuliko mwenyewe. Mimi ndiyo usiulize. Mimi chuma. Wenzangu wa rika hili wanashikwa mkono kuvuka barabara, mimi nanyoa tangu asubuhi na mkono hautetemeki. Anayebisha alete koo lake.

Naandika mwenyewe. Mama yako alitaka kuniandikia nikamkatalia. Najua herufi zangu zimelala ovyo kama walevi, lakini ni zangu. Na usinitajie simu. Mtu akikasirika kwenye simu anakata. Akikasirika kwenye barua, barua inarefuka.

Basi tuje kwenye jambo. Unasema umeacha kuigiza, sasa unashika kamera. Niliposoma nikadhani ni macho yangu. Nikavaa miwani ya mama yako, maneno yakabaki yale yale.

Mwanangu, uso wako uko dukani kwangu, baina ya vioo viwili. Bango la filamu yako nililigongelea mwenyewe. Mteja akikaa kwenye kiti hana pa kukimbilia, namwambia, "Huyo binti yangu. Paji la uso langu, pua yangu, mama yake katoa masikio." Sasa siku barua yako inafika, kwenye kiti alikuwa muuza nyama wa mlango wa pili, yule mwenye ulimi mkali kuliko kisu chake.

"Vipi Mzee Wembe," akauliza, "binti wamemtoa kwenye picha?"

"Hakutolewa. Kapandishwa cheo."

"Cheo gani?"

Nikakosa jibu. Mimi! Nikampaka povu mpaka mdomoni anyamaze.

Nani aliyepewa uso kama huo akaenda kuuficha nyuma ya sanduku? Sikatai, tangu mdogo wewe ni mtu wa kutazama. Ulikuwa ukitoka shule unasimama mlangoni, huingii. Wateja wote wamefunikwa shuka, sura zimezama kwenye povu, wewe unatazama viatu kwanza. "Mwalimu yupo. Muuza nyama yupo. Huyu wa raba simjui." Ndipo unapandisha macho polepole mpaka usoni, ndipo unaingia. Watu walikuwa wanavunjika mbavu. Lakini kutazama ni mchezo wa mtoto. Mtu mzima anatazamwa.

Rudi mbele. Mama yako anasema ule vizuri.

Ni mimi baba yako, mwenye pua

*

Tarehe 17, mwezi wa pili

Baba yangu,

Shikamoo. Shikamoo mama, na goti la mama nalo naliamkia. Mimi mzima, ila bega. Kamera ina uzito wa mtoto anayedeka, asiyetaka kutembea mwenyewe.

Mwambie muuza nyama sikutolewa. Filamu zetu ni ndogo, hazina kampuni nyuma yake. Tuko wachache na kila mmoja ana kazi mbili. Aliyelia mbele ya kamera leo, kesho ndiye anabeba taa. Wakati wa filamu ile ya bango, siku moja mpiga picha wetu aliamka na homa. Mwongozaji, huyu tunayemwita Miwani, akatutazama mmoja mmoja kisha akanipa kamera mimi, kwa kuwa siku hiyo sikuwa na pa kuigiza.

Baba, nilipokuwa naigiza nilikuwa na woga ambao sikuwahi kukwambia. Mikono niiweke wapi? Wananionaje? Nilipoweka jicho kwenye kamera, woga ukakatika kama umeme. Nilijisahau. Nikamwona mwenzangu anavyomeza mate kabla ya kusema uongo, nikajua atageuka kushoto kabla hajageuka, kwa sababu nami nimewahi kusimama palepale. Taa ikimchoma, naisikia kwenye shavu langu mimi. Kuigiza hakukupotea. Ndiko kunakonionyesha pa kutazama.

Na wewe je? Kutwa unasimama nyuma ya kiti ukimpendezesha mwingine. Sijaenda mbali na duka lako.

Sasa Miwani amenikabidhi filamu nzima, kamera ni yangu tangu picha ya kwanza mpaka ya mwisho. Ni habari ya mzee aliyeapa hatanyoa ndevu mpaka binti yake aliyeondoka arudi nyumbani. Siku moja anachoka kungoja, anakwenda kwa kinyozi. Anapakwa povu, wembe unamgusa shavu, anaghairi. Anainuka na povu lake na kwenda zake, akaendelee kungoja.

Kinyozi huyo namtaka awe wewe. Mikono tu, baba, uso hautaonekana. Waigizaji nimewajaribu, wanashika wembe kama kijiko. Ila tafadhali uje na wembe butu, na usinyoe hata unywele mmoja. Mwigizaji wetu, Bwana Ndevu, amezifuga ndevu hizo mwaka mzima, na bado tuna sehemu nyingi za kupiga akiwa nazo.

Utakuja?

Mwanao

*

Tarehe 25, mwezi wa pili

Mwanangu,

Marahaba. Goti limepokea salamu zako na leo limepanda ngazi bila kulalamika.

Mikono tu! Nimezunguka na neno hilo siku nzima. Mtu ana uso kama wangu, uso ambao mama yako aliwaacha wachumba wenye baiskeli kwa ajili yake, halafu unasema mikono tu. Mama yako yuko hapa anasema baiskeli ilikuwa moja. Usimsikilize.

Nitakuja. Nimeshawaambia watu wote, hata wasionyoa kwangu. Nimewaambia naigiza. Sikutaja mikono, kwani wameuliza?

Kuhusu kusimama nyuma ya kiti, usinilinganishe. Mimi nipo nyuma lakini nipo kwenye kioo. Mteja akiinua macho ananiona. Wewe nani anakuona?

Na hilo la wembe butu sikulielewa wala sitaki kulielewa. Mimi sina wembe butu. Kinyozi kutoka nyumbani na wembe butu ni afadhali atoke bila suruali. Nakuja na wangu, huo mwingine tutazungumza huko huko.

Baba yako, mwigizaji

*

Tarehe 14, mwezi wa tatu

Mwanangu,

U hali gani? Mimi nilifika salama, basi halikuharibika ila dereva anaendesha kama kaiba gari. Mama yako amefurahi kusikia umenenepa, ingawa hukunenepa.

Nataka niandike niliyoyaona, maana tuliagana vibaya vibaya. Ulinishika mkono ukasema "Nenda salama, baba," basi. Yule Miwani hata mkono hakunipa.

Nianze na wewe. Nilikuja nikidhani nitakukuta umejificha pembeni. Nikakukuta katikati ya chumba, suruali imejaa mifuko kama ya fundi bomba, na watu wazima wanangoja uamue. Lile jitu lililobeba taa, unaliambia "nusu hatua," linasogea nusu hatua. Hukupaza sauti hata mara moja. Mimi nikitaka taulo dukani, mtaa mzima unajua. Ukatundika shuka jeupe dirishani, jua likaingia limepoa, limetulia kama limeombwa radhi. Ukaniweka mikono kwenye mwanga, ukaigeuza, ukaitazama kama mnunuzi, ukasema, "Hii hapa." Nikajisikia vizuri, sisemi uongo. Halafu ukaibeba kamera, ukatembea kinyumenyume baina ya nyaya bila kutazama chini, na hukukanyaga hata moja. Nikajiuliza huyu ana macho kisogoni?

Sasa hilo jambo lenyewe. Wembe wenu wa plastiki nilipewa. Niliushika, nikauona, nikauweka pembeni. Nikatoa wangu. Mnasema sikusikia, nilisikia. Nilidhamiria nimguse tu mara moja, aghairi, ainuke, kama ilivyoandikwa. Lakini nikuulize wewe uliyekulia dukani: shavu limelainika, povu limekaa, wembe umenolewa kwenye ukanda asubuhi ile ile. Mkono wangu unajua kazi moja. Uliposhuka, njia ikafunguka, safi, inang'aa. Nikangoja Bwana Ndevu ainuke.

Hakuinuka. Kasinzia! Mkono wangu hulaza watu, hilo linajulikana.

Miwani alikuwa chumba cha pili anahangaika na kioo chake kidogo cha kutazamia, kimezima picha. Wengine wote kimya, kama mlivyofundishwa, mtu hasemi kamera ikiwa inafanya kazi. Na mtu ukishamfungua upande mmoja huwezi kumwacha hivyo. Hiyo si kazi, ni kashfa. Nikamaliza. Nikapita shingoni, nikamsafisha chini ya pua. Shavu lile nzi akitua anateleza.

Nilipoondoa taulo kukawa kimya kabisa. Nikadhani ni heshima.

Mpaka Bwana Ndevu alipoamka, akajishika kidevu, akaita, "Mama yangu weee!" Na Miwani akaingia mbio, akakaa chini sakafuni kama mtoto.

Lakini wewe ndiye uliyekuwa karibu. Ungenyoosha mkono tu ungenizuia. Hukunizuia. Uliinama na kamera yako ukaendelea kutazama. Kwa nini? Nimelifikiria ndani ya basi njia nzima.

Hata hivyo ndevu huota. Mwambie Miwani.

Baba yako

*

Tarehe 9, mwezi wa nne

Mwanangu,

Hujambo? Sisi tupo.

Hujajibu. Labda dereva wa basi amekalia barua. Nimemwuliza, kasema yeye barua hakalii.

Muuza nyama ananiuliza kila siku filamu inatoka lini. Namwambia kazi nzuri haina haraka. Jana kakaa kwenye kiti, akafumba macho, halafu akafumbua jicho moja akaniambia, "Mzee Wembe, mimi masharubu nayahitaji." Sijui habari zimemfikaje. Mama yako anatazama dari.

Siombi msamaha kwa kunyoa vizuri. Kama kuna msamaha mwingine ninaotakiwa kuomba, niandikie ni upi, niufikirie.

Chakula hakipiti vizuri siku hizi. Ni hali ya hewa.

Baba yako

*

Tarehe 30, mwezi wa sita

Baba yangu,

Shikamoo. Shikamoo mama. Poleni na kungoja. Nilikasirika, baba, nisikufiche. Kila nikishika kalamu inaandika maneno ambayo binti hamwandikii baba yake, nikawa naiweka chini. Sasa yameisha.

Umeuliza kwa nini sikukuzuia. Wembe ulipopita mara ya kwanza nilijua, filamu imeingia shimoni. Mdomo ulitaka kupiga kelele, jicho likakataa kutoka. Sijawahi kuona mtu akifanya kazi yake namna ile. Uso wa yule mzee ulikuwa unatoka chini ya mkono wako kidogo kidogo, mdogo, mpweke, kama wa mtu aliyekata tamaa usingizini. Basi lawama tugawane, nusu yako, nusu yangu. Miwani yeye amempa kila mmoja wetu lawama nzima.

Tulijaribu ndevu za gundi. Bwana Ndevu akawa kama beberu aliyelowana mvua. Kungoja ziote hatukuweza, alikuwa na kazi nyingine mbele. Mwisho Miwani akatazama ile picha ya kunyolewa tena na tena, akasema, "Basi mzee amenyoa. Amekata tamaa. Hiyo ndiyo habari yetu sasa." Ikawa mzee ananyolewa, anaondoka, hajulikani alikokwenda. Kisha binti anarudi nyumbani. Kachelewa.

Na huyo binti hatukuwa naye. Siku zimebaki chache, hakuna wa kumleta. Wote wakanigeukia mimi.

Kwa hiyo niliigiza, baba. Na kamera sikuwa na wa kumpa. Niliifunga kwenye miguu yake mitatu, nikaibonyeza, nikazunguka nikakaa mbele yake. Nilijisikia kama nimemwacha mtoto peke yake chumbani. Wewe unasema kinyozi hajinyoi, nimejinyoa.

Ajabu ni kwamba waliokwisha kuiona filamu wanausifu uso wangu. Kuna kampuni kubwa imeniita nikaigize. Filamu ndefu, mabango makubwa, nchi nyingi. Kamera hawaitaki, wana wapiga picha wao, wanataka uso. Na wakati huo huo Miwani anaanza filamu nyingine, ndogo, haina hata jina, anataka nishike kamera. Zote mbili siwezi. Jibu wanalitaka kabla ya mwisho wa mwezi ujao.

Umeshinda, baba. Ulichotaka kimekuja chenyewe mlangoni. Lakini sijui kwa nini siruki kwa furaha. Filamu itaonyeshwa huku mjini, tarehe 15 ya mwezi huo ujao. Njooni. Uione, kisha uniambie la kufanya. Safari zote ulisema bila kuulizwa, safari hii nakuuliza.

Mwanao

*

Tarehe 18, mwezi wa saba

Mwanangu,

Marahaba mara nyingi, zote nilizokuwa nadaiwa pale ukumbini. Tumefika salama. Mama yako bado anawasimulia majirani viti vya ukumbi vilivyokuwa laini, kwenye filamu yenyewe atafika kesho kutwa.

Najua ulinitafuta. Ulipotoka jukwaani watu wamekuzunguka, ukaniona, ukaja, nikakushika mkono nikasema "Vizuri," nikaenda kupanda basi. Mama yako akaniuliza unaumwa? Maana mimi kunyamaza hajapata kuona. Siumwi. Nilikuwa na neno kubwa kuliko mdomo, nikaona nije niliandike. Limenichukua siku tatu.

Nianze na mikono yangu. Mwanangu, mikono ile! Ilijaa ukuta mzima. Nimeifanyia kazi tangu ujana sikujua ina mishipa mizuri vile. Mtaa wetu ulijaza safu mbili za viti, na muuza nyama akasema kwa sauti ukumbi wote ukasikia, "Hiyo mikono naijua, ilinilisha povu!" Watu wakacheka, nami sikukasirika. Na yule mzee alipotoka chini ya wembe, uso uchi, nilisikia mtu nyuma yangu anavuta kamasi. Bwana Ndevu ni mwigizaji, sikatai. Lakini kanyolewa vizuri.

Sasa sikiliza. Filamu ilipoanza nilikaa nikingoja uso wako. Nikawaambia walio karibu, tulieni, anakuja. Ikaonekana nyumba ya yule mzee. Mlango uko wazi. Picha haikuingia. Ilisimama mlangoni kwanza. Ikatazama chini, viatu vya mzee vimekaa kando ya kitanda. Ikatulia pale kidogo. Ndipo ikapanda, polepole, magotini, mikononi, usoni. Ndipo ikaingia.

Nikamkamata mama yako mkono mpaka akalia. Nikamwambia, "Huyu hapa! Kasimama mlangoni!" Akasema, "Nani? Kuna mzee tu."

Tangu hapo nilikuwa na wewe, sikukuacha. Mzee akitaka kulia ulirudi nyuma hatua moja, kama unavyomfanyia mama yako. Akitania, picha ilitikisika kidogo, nikajua umecheka na umeng'ata mdomo. Wewe umejaa kwenye filamu ile, kila chumba umo. Watu mia ukumbini wanakutafuta, nimekuona peke yangu.

Kisha mwishoni ukatokea. Uso wako, mkubwa, unang'aa, pua yangu ile. Umekaa kwenye kitanda kitupu unatazama mahali pa viatu. Ukumbi ukapumua. Muuza nyama akanipiga bega, "Mzee Wembe, huyo binti yako!" Na mimi nikashtuka, kwa sababu picha ilikuwa imesimama wima kama nguzo. Haiinami, haicheki, hairudi nyuma kukupisha ulie. Mtu analia pale, na nyuma ya sanduku hakuna mtu. Uso wako ulipokuja, ndipo nikaona umeondoka.

Wenzangu walipiga makofi. Walikuwa na haki, umeigiza vizuri, nami nilipiga mpaka mikono ya filamu ikauma. Lakini nilikuwa nakutafuta.

Nilikuandikia mtu mzima anatazamwa. Jana nimemnyoa mteja nikafanya jaribio. Nilimtazama kwenye kioo tangu mwanzo mpaka mwisho, nione ataniangalia mara ngapi. Hakuniangalia. Alikuwa anajiangalia yeye anavyopendeza. Miaka yote hii nilidhani nipo kwenye kioo. Nipo kwenye shavu lake. Sijaumia, nashangaa tu kwamba sikujua na nilikuwa nafurahi.

Basi umeniuliza. Uso ni wako, hata kama pua ni yangu, na hilo jibu utalitoa wewe. Ukienda kwa hao wenye mabango, nitagongelea bango, misumari ninayo, na nitajisifu kama kawaida. Lakini ukitaka neno la baba yako, nenda kwa Miwani. Kaishike kamera. Wenye nyuso nzuri ni wengi, mimi mwenyewe ni mmoja wao. Mwenye kusimama mlangoni namna ile namjua mmoja.

Mwambie Miwani nimemsamehe kwa kutonipa mkono. Na Bwana Ndevu zikiota aje dukani, nitampunguza kidogo tu, mama yako atasimama pembeni kushuhudia.

Bango nimelishusha. Pale baina ya vioo pamebaki mraba mweupe ukutani, wateja wanaushangaa. Kwa hiyo niletee picha yako nyingine, mtu yeyote huko akupige, uwe umeweka kamera begani na jicho lako ndani yake, limeelekea huku kwenye kiti. Uso usionekane. Muuza nyama atasema, "Mbona hapa binti haonekani?" Jibu ninalo safari hii. Nitamwambia, "Hapo wewe ndiye unayeonekana, kaa wima."

Baba yako